Tathmini ya kamusi ya Hornby kwa mwandishi wa barua wa Kigoma

Barua za Kiingereza zinazoletwa kwenye steshenari za Mwanga na Ujiji huwa zimeandikwa kwa mkono kwenye karatasi ya daftari: maombi ya kazi, maelezo ya ajali yanayotakiwa na kampuni ya bima, ombi la ufadhili wa masomo, taarifa ya kikundi cha kina mama wanaoanika dagaa. Kazi yangu ni kuzisoma, kuzisahihisha na kuzichapa, na chombo ninachokitegemea kuliko kingine chochote ni Oxford Advanced Learner's Dictionary, ambayo humu nitaiita kamusi ya Hornby kwa jina la aliyeianzisha. Nimeitumia kwa miaka mingi katika matoleo tofauti. Maoni yangu ni kwamba hakuna kitabu cha ukubwa huo kinachomsaidia Mswahili zaidi katika mambo mawili yanayotushinda: kuchagua neno moja kati ya maneno yanayokaribiana maana, na kuweka kihusishi kinachostahili, yaani neno dogo kama "on", "for" au "to". Hata hivyo haikutungwa kwa ajili yetu, na mahali pengine hilo linaonekana wazi.

Asili yake inaeleza mengi kuhusu namna ilivyo. A. S. Hornby alikuwa Mwingereza aliyekwenda kufundisha Japani mwaka 1924, na huko akaona kwamba kamusi zilizotungwa kwa ajili ya Waingereza hazimfai mwanafunzi aliyezaliwa katika lugha nyingine, kwa kuwa Mwingereza hahitaji kuambiwa kwamba kitenzi fulani hufuatwa na "on" na kingine hakifuatwi na chochote. Yeye na wenzake wawili, E. V. Gatenby na H. Wakefield, walitunga kamusi iliyochapishwa Tokyo mwaka 1942, na Oxford University Press ikaitoa upya mwaka 1948. Toleo la kumi lilitoka mwaka 2020. Tangu mwanzo lengo limekuwa lilelile: kumwonyesha msomaji maana ya neno pamoja na maneno linaloandamana nayo, ili aweze kulitumia na si kulielewa tu.

Kwa nini jambo hilo lina uzito kwetu? Kiswahili kina vihusishi vichache, na kazi kubwa ambayo Kiingereza huwapa vihusishi, sisi huipa kitenzi chenyewe. Tunasema "kumwandikia mtu", "kumkimbilia mtu", "kumlilia mtu", na kiambishi kile kimoja katikati ya kitenzi kinabeba mambo ambayo Kiingereza hukitafutia kila kimoja neno lake: "write to", "run to", "cry for". Mwandishi anapovuka kwenda Kiingereza hukuta kiambishi hakipo, kwa hiyo ama huacha nafasi tupu ama huijaza kwa kubahatisha. Mfano unaoumiza zaidi ni wa wizi. Mtu aliyeibiwa simu kwenye basi huandika "They stole me", kwa sababu kwa Kiswahili waliomwibia wamemwibia yeye. Kwa Kiingereza sentensi hiyo inasema kwamba yeye mwenyewe ndiye aliyebebwa. Ukifungua kamusi ya Hornby kwenye "steal" unakuta kwamba kinachofuata kitenzi ni kitu, kisha "from" na mtu. Ukifungua "rob" unakuta kwamba kinachofuata ni mtu au mahali, kisha "of" na kitu. Visawe hivyo viwili vinatenganishwa na mpangilio wa maneno yanayovizunguka kuliko maana yake, na mpangilio huo umechapwa kwa herufi nzito mahali ambapo jicho haliwezi kuukosa.

Hapo inafaa nieleze alama zake, maana nimeona watu wengi wanaomiliki kamusi hii bila kuzisoma. Katika matoleo mengi ya karatasi, "sb" inasimama badala ya mtu na "sth" badala ya kitu au jambo. Kihusishi kilicho ndani ya mabano kinaweza kuachwa bila sentensi kuharibika. Kisicho na mabano ni cha lazima. Baada ya hapo huja mifano, na mifano ndiyo nusu ya thamani ya kitabu. Anayesoma maana akafunga kamusi amepata kile ambacho kamusi yoyote ya Kiingereza na Kiswahili ingempa.

Njia ya kutafuta nayo ina kanuni yake. Mtu asiyejua aandike "in" au "on" hukimbilia kufungua "on", akakuta maelezo marefu yenye matumizi chungu nzima, na akatoka na kichwa kinachouma. Atafute chini ya neno zito badala yake: nomino, kitenzi au kivumishi ambacho kihusishi kinakitumikia. Anayetaka kusema kwamba ana ujuzi wa uhasibu afungue "experience". Anayetaka kusema kwamba alisimamia ghala afungue "responsible", atakuta "for". Anayetaka kuandika kwamba ameolewa afungue "married", atakuta "to", wala si "with" inayotokana na "na" yetu ya "kuoana na". Kwa vihusishi vya namna hiyo kamusi ya Hornby haijawahi kuniangusha.

Kuna jambo moja ambalo nimelitambua kwa kulinganisha vitomeo vyake, yaani maneno yanayofafanuliwa humo, na ambalo kamusi yenyewe inalionyesha bila kulitangaza vya kutosha. Makosa matatu yanayojitokeza mno katika barua za hapa ni "discuss about", "request for" na "emphasise on", yakiwa yametumika kama vitenzi. Ukiangalia nomino zake, vihusishi hivyo ni halali kabisa: "a discussion about the loan", "a request for a loan", "emphasis on quality". Kitenzi ndicho kisichokitaka: "discuss the loan", "request a loan", "emphasise quality". Mwandishi wetu anakuwa amehamisha kihusishi kutoka kwenye nomino akakipachika kwenye kitenzi, huku Kiswahili kikimsukuma kwa "kujadili kuhusu" na "kusisitiza juu ya". Mambo yanazidi kuwa magumu kwa sababu "ask" na "apply", ambavyo ni jirani wa karibu wa "request", vinadai "for" vinapohusu kuomba kitu: "ask for a loan", "apply for a loan". Kwetu vyote vitatu ni "kuomba mkopo". Chini ya "discuss" wahariri wameweka onyo kwamba "about" haifai, na ninawashukuru kwa hilo. Ningependa kuona kanuni nzima ikielezwa mahali pamoja, kwa kuwa mwanafunzi akiielewa mara moja anapona makosa mengi kwa mpigo.

Upande wa visawe, kamusi ina visanduku vinavyokusanya maneno yanayokaribiana na kueleza yanapoachana. Nitaonyesha kazi yake kwa barua moja. Kijana mmoja wa Gungu alileta maelezo yake ya ajali, yaliyokuwa yameandikwa hivi: "I was wounded on a bodaboda accident." Alishangaa nilipoweka kalamu juu ya "wounded", akasema: "Lakini mzee, si ndiyo kujeruhiwa?" Ndiyo, kwa Kiswahili majeruhi wa risasi na majeruhi wa pikipiki wote ni majeruhi. Kwa Kiingereza "wounded" humfikirisha msomaji silaha na mapigano, hasa risasi au kisu, na "injured" ndilo neno la ajali. Afisa wa bima anayesoma "wounded" anaweza kuanza kujiuliza maswali ambayo hayakuwa na sababu ya kuulizwa. Nacho kihusishi kilibadilika: mtu huwa "on a motorcycle" lakini huumia "in an accident". Tulifungua kamusi pamoja, na mambo yote mawili yalikuwa pale, la kwanza katika ulinganisho wa visawe, la pili katika mifano ya "accident". Kijana alisoma mwenyewe, akaandika upya mwenyewe.

Mkoa wetu una maneno mengine ambayo kutofautisha kwake si suala la ufasaha pekee. Wilayani Kasulu ipo kambi ya Nyarugusu, iliyofunguliwa mwaka 1996, na wapo vijana wengi wa Kigoma wanaotafuta kazi ya ukalimani na uandishi wa taarifa kwenye mashirika yanayohudumia wakimbizi. Katika barua zao "refugee", "asylum seeker" na "migrant" hutumika kana kwamba mtu anaweza kuchota lolote. Kamusi inaeleza "asylum seeker" kuwa mtu anayeomba hifadhi, na hilo ni sahihi. Anayesoma kwa makini ataelewa kwamba ombi lake bado linasubiri uamuzi, ilhali "refugee" ni aliyelazimika kuikimbia nchi yake, na katika maandishi ya kiofisi mara nyingi ni yule ambaye hadhi hiyo imekwisha kutambuliwa. "Migrant" ni neno pana la anayehama, mara nyingi kwa ajili ya kazi, na kumwita mkimbizi hivyo ni kumpunguzia sababu iliyomtoa kwao. Kamusi inatoa maana ya kawaida, lakini haichukui nafasi ya sheria, na kwa taarifa za namna hiyo mwandishi asiishie hapo. Kwa vihusishi inatosha: mtu hukimbia "from" nchi moja "to" nyingine, lakini "flee" hukubali pia jina la nchi bila kihusishi chochote, na huomba hifadhi "in" nchi anayofikia.

Mfano mwingine ni wa ziwa. Kwetu, meli huzama na mtu huzama, ingawa kwa mtu tunaweza pia kusema amekufa maji. Kiingereza hakikubali mchanganyiko huo: chombo "sinks", mtu "drowns", na sentensi "the boat drowned" ninaikuta kwenye taarifa za vyama vya wavuvi. Lipo pia neno la tatu, "scuttle", lenye maana ya kukizamisha chombo chako mwenyewe kwa makusudi. Hilo ndilo lililoipata meli tunayoiita MV Liemba: Wajerumani waliiunda, wakaiingiza majini hapa Kigoma mwaka 1915 kwa jina la Graf von Götzen, na mwaka 1916 wakaizamisha wao wenyewe ili isiangukie mikononi mwa adui. Waingereza waliiopoa mwaka 1924, ikarudi kazini mwaka 1927. Anayewaandikia wageni historia hiyo akaandika tu "it sank" hajasema uongo, lakini amewanyima kiini cha kisa, kwamba ilikuwa hila ya vita na kwamba meli iliachwa katika hali ya kuweza kufufuliwa. Kamusi ya Hornby ina "scuttle" kwa maana hiyo. Vivyo hivyo kwa waongozaji wa wageni wanaokwenda Gombe: inawaonyesha kwamba sokwe ni "ape" na kwamba "monkey" ni jina la wenye mikia, tofauti ambayo sisi tumeizoea kwa kuwa na sokwe upande mmoja, nyani, kima na tumbili upande mwingine.

Ninapoisifu hivyo sina budi kueleza mahali inapotuacha. Kwanza, baadhi ya visawe imeviweka mbalimbali na kuvifafanua kwa maneno yanayofanana mno. Ujiji inajulikana duniani kwa sentensi ambayo Henry Morton Stanley alisema alimsalimia nayo David Livingstone mwaka 1871: "Dr Livingstone, I presume?" Wageni huisoma pale kwenye kumbukumbu, na mwanafunzi anaweza kuuliza kwa nini hakusema "I assume", ilhali zote mbili kwa Kiswahili ni "nadhani". Akifungua kamusi atasoma kwamba yote mawili ni kuchukulia jambo kuwa kweli bila uthibitisho, na ataondoka bila jibu. Jibu lipo kwenye matumizi: anayesema "presume" kwa kawaida ana dalili mbele yake zinazomfanya aone kwamba huenda ndivyo, kama Stanley alivyomwona Mzungu mzee mahali ambapo hakutarajia mwingine, ilhali anayesema "assume" analichukulia jambo kuwa msingi wa hoja, dalili ziwepo zisiwepo. Msomaji makini anaweza kulifikia kwa kupitia mifano, lakini kisanduku kifupi kingemwokolea muda.

Pili, kamusi haijui kosa linatoka wapi. Haiwezi kujua kwamba "hadi Ijumaa" kwetu hubeba mambo mawili ambayo Kiingereza kimeyatenga. Ofisi iliyo wazi hadi Ijumaa ni "open until Friday", yaani inaendelea kuwa wazi mpaka siku hiyo. Lakini fomu inayotakiwa kurudishwa hadi Ijumaa inarudishwa "by Friday", yaani siku hiyo isipite. Nimesoma matangazo ya nafasi za kazi yaliyokosea hapo, na mwombaji anayejua Kiingereza vizuri hubaki akijiuliza kama anatakiwa kupeleka barua ileile kila siku. Kamusi inatoa maana zote mbili, kila moja kwenye ukurasa wake, bila kuzikutanisha kwa jicho la Mswahili. Haijui pia kwamba "soma" yetu ndiyo inayozaa "I read at Tabora" kwa mtu aliyekusudia "studied", wala kwamba "sikia" ndiyo inayowafanya watu waandike kwamba wanasikia harufu kwa "hear".

Tatu, na hili ndilo ninalolisikitikia zaidi, haiwezi kumwonyesha mwanafunzi wetu utajiri alionao tayari. Kiswahili kina ngeli tatu za mahali. "Nyumbani pana wageni" huelekeza mahali mahususi, "nyumbani kuna wageni" huelekeza eneo kwa ujumla, na "nyumbani mna wageni" humaanisha ndani. Mwalimu anayeanzia hapo humfikisha mwanafunzi karibu sana na "at" na "in", kwa sababu "pa" na "mu" zinakata mahali kwa namna inayokaribiana na maneno hayo. Kinachobaki kigumu ni "on", ambayo sisi tunaifikiria kuwa "juu ya" tu. Mtumbwi uko ziwani na dagaa wako ziwani, lakini Kiingereza kinauweka mtumbwi "on the lake" na dagaa "in the lake"; tena kinasema "Kigoma is on Lake Tanganyika" kwa maana ya kwamba mji umepakana na ziwa, ingawa hakuna mwana Kigoma atakayesema mji wake uko juu ya maji. Kwa "fika" napo: "arrive in Kigoma" kwa mji, "arrive at the port" kwa bandari, na "reach Kigoma" bila kihusishi. Mambo haya yote yamo ndani ya kamusi kwa vipande. Anayeyaunganisha ni mwalimu, na wanafunzi wetu wengi, wanaotoka shule ya msingi iliyowafundisha kwa Kiswahili na kuingia kidato cha kwanza ambako karibu masomo yote ni kwa Kiingereza, wanahitaji mwalimu huyo mapema.

Kuhusu ununuzi, maduka ya vitabu ya hapa mjini huuza zaidi vitabu vya kiada na kamusi ndogo, kwa hiyo nakala kamili mara nyingi huagizwa Dar es Salaam na kuletwa kwa basi. Bei yake ni kubwa kwa mwanafunzi na hata kwa mwalimu anayeanza kazi. Mwenye simu na kifurushi cha intaneti anaweza kuitumia kamusi hii bure kwenye tovuti ya Oxford ya wanaojifunza Kiingereza, yenye mifano mingi na matamshi ya kusikiliza. Kwa anayetafuta neno mojamoja, hiyo inatosha. Mimi napendelea karatasi kwa sababu jicho hupita kwenye vitomeo jirani na kugundua ambavyo halikuvitafuta, na kwa sababu umeme na mtandao havikai wakati wote.

Toleo la zamani lisikataliwe. Maneno ya kompyuta na simu yatakosekana, lakini "depend" ilidai "on" wakati wa Hornby na inaidai leo, na hilo ni kweli kwa sehemu kubwa sana ya vihusishi. Nakala iliyotumika ya miaka ya 1990 au 2000, ikiwa kurasa zake ni kamili, itamfaa mwanafunzi wa sekondari kwa sehemu ndogo ya bei ya toleo jipya. Ninachotahadharisha ni nakala zilizorudufiwa kwa mashine, ambazo nimewahi kuletewa dukani: herufi nzito na za kawaida hufanana, mabano hufifia, na msomaji hawezi tena kutambua kihusishi kipi ni cha lazima na kipi ni cha hiari. Kabla ya kulipa, mnunuzi afungue ukurasa wenye neno "depend" au "rob", autazame kwenye mwanga, na ahakikishe kwamba maneno yanayofuata kitenzi yanasomeka kwa wino mzito uliokolea. Kama hayasomeki, amrudishie muuzaji kitabu chake.